Kushuti filamu huru Uganda: mwongozo kwa anayetaka kuwa mpiga picha wa sinema

Vijana wanaonitafuta huuliza kwanza wanunue kamera gani. Huwa nawaambia wasinunue kitu mwezi huu. Chukua simu uliyo nayo, mwombe dada yako au jirani akae kwenye kigoda mbele ya mlango, umpige picha ileile kwa umbali uleule: saa moja asubuhi, saa nne, saa saba mchana, saa kumi, na saa kumi na mbili na robo jioni. Kesho yake rudia, akiwa ameelekea upande mwingine. Zipange picha hizo kumi uziangalie bila haraka. Ile ya saa saba, macho yatakuwa mashimo mawili meusi na paji la uso litang'aa kama sufuria. Ile ya jioni, mtu yuleyule utamwona kama ndiyo kwanza unamfahamu.

Kazi yetu iko hapo. Mpiga picha wa sinema anaamua mwanga uangukie wapi usoni mwa mtu, kisha anaulinda uamuzi huo mpaka filamu imfikie mtazamaji. Mengine yote, kuanzia kamera na lenzi hadi mkataba na diski, yapo kwa ajili ya kuulinda.

Naandika kwa Kiswahili kwa sababu ndicho kinachotuunganisha kwenye seti. Mtu wa taa katoka Arua, wa sauti kavuka mpaka pale Malaba, muigizaji kazaliwa Bombo, na Kiluganda cha wengine wetu ni cha kuombea maji tu.

Ingia kwa mlango ulio wazi

Usisubiri filamu ikuite. Wengi wetu tulianza na kwanjula, ile sherehe ya Waganda ya kutambulisha wachumba, na harusi, na siionei haya kazi hiyo hata kidogo. Kwanjula inakufundisha kutabiri tukio kabla halijatokea: shangazi atasimama lini, mahari itaingia kupitia lango lipi, mama wa binti atafuta machozi wakati gani. Hakuna kurudia. Aliyeshuti kwanjula hamsini bila kukosa fokasi kwenye pete anajua kitu ambacho darasa halikumpa.

Lakini pembeni ya harusi, tafuta nafasi ya msaidizi wa kamera kwenye filamu, hata kama ni kushika klapa, kile kibao chenye namba ya shoti, na kubeba mifuko ya mchanga. Njia nyingine inayodharauliwa ni kufanya kazi kwenye duka la kukodisha vifaa. Miezi sita ya kupokea na kusafisha lenzi za watu itakufanya ujue kila kitufe cha kila kamera iliyopo Kampala, na wapiga picha wakubwa watakufahamu kwa jina. Mafunzo pia yapo. Maisha Film Lab, iliyoanzishwa na mwongozaji wa filamu Mira Nair mwaka 2004, imewafunza vijana wa Afrika Mashariki hapahapa kwetu. Nenda pia ukaone kinachofanyika Wakaliga, mtaa wa Kampala, ambako Isaac Nabwana na wenzake, watengenezaji wa filamu za mapigano, wameunda vifaa vyao vingi kwa vyuma chakavu. Huenda usipende aina yao ya filamu, ila utatoka huko ukiwa umeishiwa visingizio.

Hatua ya 1: Soma mswada mara tatu, kamera ikiwa kabatini

Mara ya kwanza soma kama mtu anayesikiliza hadithi. Usiandike chochote. Mara ya pili, kwa kila sini, yaani kila tukio la filamu, jibu pembeni swali moja: nani ana siri hapa? Mwenye siri ndiye utakayeamua aonekane kiasi gani. Mara ya tatu andika saa ya kila sini, iwe asubuhi, mchana au usiku, na chanzo cha mwanga kilicho ndani ya hadithi yenyewe: dirisha, taa ya kibatari, balbu moja, taa ya boda boda, skrini ya simu.

Halafu kaa na mwongozaji. Usimpelekee majina ya lenzi. Mwulize mtazamaji amwone mhusika kwa karibu lini kwa mara ya kwanza, na kwa nini isiwe mapema zaidi. Mkikubaliana juu ya hilo, orodha ya shoti itajiandika yenyewe. Mimi huiandika kwenye daftari la shule, shoti moja kwa mstari, na pembeni naweka alama kwenye zile ambazo filamu haiwezi kuishi bila hizo. Siku mvua ikila saa tatu za kazi, ndizo pekee tutakazozipiga.

Hatua ya 2: Andikishianeni

Mali bila daftari huisha bila habari. Hata kama mtayarishaji ni rafiki yako wa utotoni, andikishianeni kabla ya siku ya kwanza. Karatasi moja inatosha, ikiwa na haya: siku ngapi za kazi na saa ngapi kwa siku, malipo yako wewe kama fundi, na kando yake kodi ya vifaa vyako, maana kamera inachakaa hata kama wewe huchoki, malipo ya awali, ambayo kwangu ni nusu na huwa siondoki nyumbani kabla hayajaingia, chakula na usafiri wa timu yako, nani analipa kifaa kikivunjika, jina lako litaandikwaje mwishoni mwa filamu, na ruhusa ya kutumia vipande vya filamu kwenye video ya kuonyesha kazi zako.

Hilo la mwisho watu hulisahau, na ndilo linalokupa kazi inayofuata.

Kwenye bei, usiulize fulani anatoza kiasi gani. Piga hesabu ya mwezi wako: kodi ya nyumba, chakula, ada za watoto, data, ukarabati wa vifaa. Gawanya kwa siku unazopata kazi kweli, siyo thelathini. Ukipata siku nane kwa mwezi, kila siku ya kazi inabeba karibu siku nne za maisha. Ukishaijua namba hiyo hutatikisika mtu akikuambia kuna kijana anayefanya kwa nusu yake.

Chukua namba ya mlipakodi kutoka URA, mamlaka ya mapato, mapema. Taasisi zilizoteuliwa kukata kodi ya zuio huondoa asilimia 6 kwenye malipo yanayozidi shilingi milioni moja, hivyo ankara ya milioni tatu itakufikia ikiwa imepungua shilingi 180,000. Dai cheti chake na ukihifadhi, kwa sababu fedha hiyo huhesabiwa kuwa kodi uliyokwisha kulipa.

Filamu huru nyingi hazina fedha, na utaombwa ufanye kwa ahadi ya kulipwa filamu ikiuzwa. Mimi hukubali moja kwa mwaka, iwe nimeupenda mswada kwa moyo wote, na bado naandikisha. Mbili kwa mwaka zilishawahi kuniuzisha lenzi.

Hatua ya 3: Kagua lokesheni ukiwa na dira

Vitabu vingi vya fani hii vimeandikwa London au Los Angeles, na vinakuambia dirisha la kaskazini hutoa mwanga laini usiobadilika siku nzima. Huku kwetu ushauri huo unakosea nusu ya mwaka. Ikweta inakatiza barabara ya Masaka pale Kayabwe. Kuanzia mwishoni mwa Machi hadi karibu tarehe 22 Septemba jua la mchana liko upande wetu wa kaskazini, na mwezi Juni litaingia moja kwa moja kwenye lile dirisha la vitabuni. Desemba limehamia kusini. Karibu na tarehe 21 Machi na 22 Septemba linapita utosini kabisa. Kwa hiyo ukikagua nyumba mwezi Februari na kushuti Juni, chumba ulichokipenda hakitakuwa kile ulichokiona. Simama dirishani na dira ya simu, andika linaelekea wapi, kisha jiulize tarehe ya kushuti jua litakuwa upande gani.

Jambo la pili ni kwamba jua letu huzama karibu wima. Linashuka nyuzi kama 15 kwa saa, hivyo kutoka pale mwanga unapoanza kuwa wa dhahabu, jua likiwa nyuzi 10 juu ya upeo, mpaka linapozama una dakika 40 hivi. Baada ya hapo, dakika 20 na ushei za samawati, kisha giza. Wazungu wa kaskazini wakati wa kiangazi wana jioni ndefu ya kuhangaika na shoti moja. Wewe huna. Fanya mazoezi ya shoti ya jioni saa kumi, weka alama za miguu ya waigizaji chini, na jua likifika pale unapolitaka kila mtu awe ameshasimama mahali pake.

Faida yetu ni kwamba ratiba haibadiliki sana. Mwaka mzima jua la Kampala huchomoza kati ya saa kumi na mbili na nusu na saa moja, na kuzama katika dakika hizohizo jioni. Na kwa kuwa Kampala iko magharibi ya mstari wa saa zetu za Afrika Mashariki, utosi wa jua haufiki saa sita kamili. Hufika karibu saa saba kasoro dakika kumi. Ninachofanya mimi: nje kuanzia saa moja hadi saa nne, ndani au chini ya miti hadi saa kumi, kisha nje tena. Mtayarishaji akipanga mazungumzo ya kurasa tano uwanjani saa saba mchana, mpinge kwa heshima, umwonyeshe zile picha za dada yako.

Sikiliza pia paa. Nyumba nzuri yenye mabati matupu, mvua ikinyesha, mtu wa sauti anafunga mashine yake. Kusini mwa nchi mvua kubwa ni Machi hadi Mei, na tena Septemba hadi Novemba. Kaskazini ni msimu mmoja mrefu, takriban Aprili hadi Oktoba. Tazama na udongo. Ule mwekundu wa barabarani hudundisha rangi yake kwenye kidevu na shati jeupe, na kuisafisha baadaye kwenye kompyuta ni kazi ya kuchosha. Tandika shuka au kitambaa cha kijivu miguuni mwa muigizaji, nje ya fremu.

Kuhusu ruhusa, anza kwa mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji au mtaa. Nenda mwenyewe, usitume mtu. Msalimie, keti, mweleze hadithi kwa ufupi na idadi ya watu wako, umwachie barua. Mwenyekiti aliyeheshimiwa atawatuliza majirani na kukuazima viti. Kisha polisi wa eneo, na KCCA, mamlaka ya jiji la Kampala, ukiwa mitaa ya jijini. Hifadhi za taifa ni UWA, mamlaka ya wanyamapori. Droni inahitaji kibali cha mamlaka ya usafiri wa anga pamoja na idhini ya upande wa ulinzi, na haipatikani kwa siku mbili, kwa hiyo omba mapema au andika shoti hiyo upya iwe ya mlimani. Kambi za jeshi, viwanja vya ndege na mabwawa ya umeme ya Jinja usivielekezee kamera bila karatasi mkononi.

Hatua ya 4: Kamera, lenzi, na namba chache za kushika kichwani

Kodisha kabla ya kununua. Ukinunua, nunua kwa mpangilio huu: stendi imara ya miguu mitatu, lenzi moja nzuri ya milimita 35 au 50, taa moja kubwa ya LED, kisha kamera. Kamera hupitwa na wakati, lenzi na stendi utawaachia wanao. Ukihitaji kigari cha kamera au reli yake, chora unachotaka upeleke Katwe kwa mafundi wa vyuma. Peleka na beringi zako mwenyewe, na usilipe mpaka umekisukuma chumbani usiku, pakiwa kimya, usikilize kama kinalia.

Umeme wetu ni volti 240 na mizunguko 50 kwa sekunde. Shuti fremu 25 kwa sekunde na shata, yaani muda ambao kila fremu hupokea mwanga, 1/50 ya sekunde. Ukitumia fremu 24 na shata 1/48, balbu rahisi za madukani zinaweza kuchora mistari inayotembea ukutani, na pengine hutaiona kwenye kioo kidogo cha kamera.

Shata ikishafungwa pale, nje utahitaji kichujio cha ND, kioo cheusi cha mbele ya lenzi kinachopunguza mwanga. Hesabu yake ni hii. Kwenye jua kali, ISO 100 (wepesi wa kamera kuhisi mwanga) na shata 1/100 vinakupa f/16 (tundu la lenzi; namba ikikua, tundu linakuwa dogo). Tuseme kamera yako unaiweka ISO 800 na shata ni 1/50. Umeongeza stopu tatu kwa ISO na moja kwa shata, kila stopu ikiwa ni mwanga mara mbili, yaani unatakiwa ufunge hadi f/64, tundu ambalo lenzi zetu hazina. Wewe unataka f/4. Kutoka 64 kurudi 4 ni stopu nane. Kila stopu ni ND 0.3, kwa hiyo unahitaji ND 2.4. Fanya hesabu hii usiku kitandani mpaka iwe kama kuhesabu nauli ya boda.

Rangi ya mwanga: jua la mchana ni kelvini 5600, taa za zamani za waya ni 3200, na balbu za majumbani hutofautiana sana moja na nyingine. Ukiingia kwenye chumba chenye dirisha na balbu, chagua bwana mmoja. Zima balbu, au ibadilishe na yako.

Usilenge kununua kamera iliyoshuti filamu fulani ya Marekani. Nimeona shoti za simu zilizonitoa machozi, na shoti za kamera ya gharama kubwa zisizo na mtu ndani yake.

Hatua ya 5: Ngozi

Hapa naomba utulie nami kidogo, maana ndipo tunapowakosea watu wetu.

Kwa miaka mingi maabara za filamu zilipima rangi kwa kadi yenye picha ya mwanamke mweupe. Za Kodak ziliitwa kadi za Shirley. Desturi hiyo imeacha alama hadi leo. Mwongozo wa kamera ukikuambia weka milia ya pundamilia, ile mistari inayotokea kwenye kioo kuonyesha sehemu iliyofikia kiwango fulani cha mwanga, kwenye asilimia 70 kwa ajili ya ngozi, unazungumzia ngozi nyeupe. Ukimsukuma muigizaji mweusi mpaka 70 umemfuta, umempaka majivu. Mimi huanza na uso karibu asilimia 45, kisha naangalia kama ni sini ya furaha au ya siri, napanda au kushuka.

Ngozi nyeusi huonekana kwa kurudisha mwanga kama maji yanavyorudisha mbingu. Ukiipiga kwa taa ndogo kali kutoka mbele, utapata nukta nyeupe puani na giza kwingine kote. Ipe kitu kikubwa na laini cha kurudisha, kikiwa ubavuni, na utaona mfupa wa shavu ukichorwa kwa mstari mmoja mrefu.

Nikupe mfano. Mwaka jana tulishuti filamu fupi ya Kiswahili Busia, upande wetu wa mpaka. Sini: mjane anahesabu pesa mezani, jioni, mlango umefungwa. Chumba kilikuwa na dirisha moja na kuta za rangi ya maziwa. Mwenye nyumba, mama wa makamo, alitusimamisha mlangoni.

"Mwanangu, hizo taa zenu si zitamaliza Yaka yangu?"

"Hapana mama. Tumekununulia uniti. Tokeni hii hapa, ingiza wewe mwenyewe."

Yaka ni umeme wa kulipia kabla. Aliziingiza, akasubiri mita ikubali, kisha akatuletea chai. Weka uniti za Yaka kwenye bajeti ya kila nyumba utakayoingia.

Shoti ya kwanza ilikuwa mbaya. Muigizaji wetu, ambaye ngozi yake ni nyeusi ya kupendeza, alikuwa amevaa shati jeupe mbele ya ukuta wa maziwa. Kamera iliona nguo na ukuta, yeye akawa kivuli. Kuongeza taa kungeng'arisha ukuta zaidi. Tulifanya vitu vinne. Shati tulilibadilisha kwa gauni la rangi ya kahawa iliyokolea na leso juu yake. Meza tukaivuta mita mbili mbele kutoka ukutani, karibu na dirisha, na ukuta ukabaki na mwanga mdogo kuliko uso, maana umbali kutoka kwenye taa ukizidi mara mbili mwanga hubaki robo. Taa tukaitoa nje, tukaipitisha kwenye shuka jeupe tulilonunua soko la Owino, lililotandazwa dirishani kote, hivyo dirisha zima likawa taa. Na upande wa pili wa uso wake tukatundika blanketi jeusi, ili mwanga usidunde ukutani na kurudi kujaza kivuli.

Bado uso ulikuwa mkavu. Dada wa vipodozi akachukua tone la mafuta ya nazi, akalisugua viganjani, akagusa mashavu na juu ya nyusi tu. Nikaangalia tena: mstari wa mwanga ulitoka kwenye pembe ya jicho, ukashuka na shavu, ukaishia karibu na mdomo. Uso ulisoma 42, ukuta 25. Alipoinamisha kichwa kuhesabu noti, mstari ule ulikatika, na alipoinua ukarudi. Mwongozaji hakusema neno. Alisogea tu karibu na kioo.

Kwa hiyo, kwa mpangilio: nguo kwanza, ukuta wa pili, umbali wa tatu, taa ya nne, mafuta mwisho. Ongea na mtu wa mavazi na mtu wa vipodozi wiki mbili kabla, siyo asubuhi ya kushuti.

Wahusika wawili wenye ngozi tofauti wakikaa pamoja, mkalishe mweusi zaidi karibu na dirisha. Usimpandishie taa yake peke yake, itaonekana.

Hatua ya 6: Siku yenyewe

Fika nusu saa kabla ya wote. Chaji betri zote usiku uliotangulia, na usiamini kwamba umeme utakuwepo asubuhi. Betri kubwa ya wati-saa 98 inayolisha kamera na kioo vinavyokula wati 25 jumla itakupa karibu saa nne. Hesabu saa za siku yako ujue ni betri ngapi. Jenereta iweke mbali na nyuma ya jengo, na ekstensheni zako ziwe nene, zisizopata moto.

Kwenye seti ongea kwa sauti ya chini. Mpiga picha anayefoka huwatisha waigizaji, na hofu yao itaingia kwenye picha. Mwulize muigizaji kabla ya kumsogezea kamera usoni: "Dada, nikikaa hapa nitakusumbua?" Mzee anayeigiza mara ya kwanza mwite baba au mzee, mpe kiti, usimwite kwa jina la mhusika.

Vuta fokasi kwa alama za chini. Ukikosa, sema palepale kwamba umekosa na uombe mrudie. Aibu hiyo ni ya dakika moja. Ukinyamaza, kosa litaonekana kila filamu itakapochezwa.

Hatua ya 7: Kadi na diski

Mwaka mmoja, Tororo, saa nne usiku, nikiwa nimechoka, nilifuta kadi ambayo nilidhani imeshanakiliwa. Ilikuwa asubuhi nzima ya kazi. Muigizaji mkuu alirudi siku sita baadaye akiwa amenyoa. Tulimvalisha kofia, na mpaka leo siwezi kuitazama sini ile. Tangu siku ile nina sheria: anayeshuti hafuti. Mtu mmoja tu, asiyeshika kamera, ndiye ananakili, na kadi iliyojaa inafungwa utepe mwekundu mpaka yeye autoe.

Nakala tatu, kwenye vifaa vya aina mbili, moja ikilala nyumba nyingine. Panga ukubwa mapema: kamera inayorekodi megabiti 400 kwa sekunde hula megabaiti 50 kila sekunde, yaani gigabaiti 3 kwa dakika, 180 kwa saa. Saa mbili za picha kwa siku, siku sita, ni zaidi ya terabaiti mbili, mara tatu. Mtayarishaji asiyenunua diski hajawa tayari kushuti.

Hatua ya 8: Rangi, na mahali itakapotazamwa

DaVinci Resolve ya bure inatosha kurekebisha rangi ya filamu yako ya kwanza, hata ya tano. Anza na sini moja, sawazisha nyuso zote, halafu ndipo ufikirie hisia ya rangi. Omba uwepo siku ya kurekebisha rangi hata kama hulipwi. Mtu asiyejua kwa nini uliacha giza pale atalijaza kwa nia njema.

Filamu ikikamilika, peleka. Uganda Film Festival ipo tangu 2013, na ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, inaijua vizuri filamu ya Kiswahili. Kata video ya dakika mbili ya kazi zako, shoti bora ikiwa ya kwanza, na uondoe kila shoti unayohitaji kuitetea kwa maneno. Badilisha kila unapopata iliyo bora.

Lakini kabla ya kutuma nakala ya mwisho popote, ibebe kwenye diski ndogo uende kwenye kibanda cha video, umwombe mwenye kibanda akuchezee dakika kumi kabla wateja hawajaingia. Projekta yake imechoka, mlango hauzibi vizuri, na watazamaji wako wengi wataiona hivyo. Ile filamu ya Busia niliipeleka hivyo. Kwenye kompyuta yangu yule mjane alikuwa mzuri kupita kiasi. Kibandani macho yake yalipotea, ukabaki ule mstari wa shavu tu. Nilirudi nyumbani, nikapandisha uso wake nusu stopu bila kugusa ukuta, nikatoa nakala ya pili, na Ijumaa nikaipeleka palepale. Mwenye kibanda aliitazama amesimama, kisha akavuta benchi akakaa.